Mkasi umepita wapi? Kuchagua kitabu cha ngano za Ulaya kwenye trotuari za Lubumbashi

Kitabu cha ngano za Perrault, Mfaransa, au za ndugu Grimm, Wajerumani, si kitu cha kuhangaikia Lubumbashi. Utakikuta dukani, utakikuta katika mfuko wa mtoto wa masomo, utakikuta pia juu ya plastiki iliyotandikwa kwenye trotuari katikati ya mji, kimebanwa kati ya kamusi isiyo na jalada na kitabu cha hesabu cha programu ya zamani. Majina ya juu ni yale yale. Ndani havifanani hata kidogo. Katika kimoja msichana anauliza kwa nini nguo zinambana. Katika kingine swali hilo halipo. Kimoja kinamwacha mbwa mwitu ashibe na hadithi iishe; kingine kinamleta mwindaji.

Mnunuzi anayelengwa hapa ni mtu mzima: mwalimu wa Kifaransa wa humanités (masomo ya sekondari), mwanafunzi wa chuo, au msomaji aliyesikia kwamba ngano hizi zimejaa mambo ya tamaa na kitanda, naye anataka kuyaona kwa macho yake. Akinunua kitabu kisichofaa atayatafuta bure, kwa sababu yaliondolewa kabla ya karatasi kufika mtamboni. Wengi wanasema mambo hayo yamefichwa ndani sana, kama hirizi iliyoshonewa ndani ya nguo, kwamba lazima aje mtaalamu wa ndoto ayafumue. Kwa sehemu kubwa si kweli. Yalikuwa wazi, yakakatwa na watu tunaowajua kwa majina, katika miaka tunayoijua. Ndiyo maana kitabu unaweza kukipima ukiwa umesimama, kwa dakika tano, muuzaji akikutazama kwa jicho la pembeni.

Usianze na picha. Fungua ukurasa wa jina, ule unaofuata jalada. Ukiona "d'après Perrault", "adapté par" au "raconté par", ujue mtu mwingine ameandika upya. "Texte intégral", yaani maandishi kamili, ni ahadi nzuri zaidi, ingawa nayo hupimwa. Albamu kubwa ya rangi isiyo na jina la mwandishi wala la mfasiri irudishe chini bila kuuliza bei, labda kama unamnunulia mtoto wa miaka minne anayependa picha za farasi. Kwa kazi hiyo albamu hizo ni nzuri, na karatasi yake nene huvumilia mikono yenye mafuta.

Kwa Perrault, nenda moja kwa moja kwenye Le Petit Chaperon rouge, yaani msichana wa kofia nyekundu, ukurasa wa mwisho wa hadithi. Mkusanyo wake ulitoka Paris mwaka 1697, ngano nane za nathari, na kila moja ilifungwa na mashairi ya mafunzo. Katika maandishi kamili, mbwa mwitu anamwita msichana aje alale naye, msichana anavua nguo na kuingia kitandani, anashangaa mwili wa "bibi" ulivyo, kisha analiwa. Basi. Hakuna mwindaji, hakuna kupasua tumbo, hakuna mawe. Chini yake yanafuata mashairi yanayosema wasichana wazuri hukosea kumsikiliza kila mtu, na kwamba kuna mbwa mwitu wapole, wasio na kelele, wenye maneno matamu, wanaowafuata mabinti hadi ndani ya nyumba, hadi kwenye "ruelles". Hao ndio hatari kuliko wote. Ruelle hapo si kichochoro cha mtaa. Ni nafasi iliyo kati ya kitanda na ukuta.

Sasa, fumbo liko wapi? Mwandishi mwenyewe amekwisha kulifumbua. Wafaransa wana msemo wa kale kwamba msichana fulani "ameona mbwa mwitu", maana yake ameshajua mwanamume. Nasi wasomaji wa Kiswahili hatuhitaji hata msemo huo: kitenzi "kula" kina maana mbili katika mdomo wa mtu mzima yeyote, na ukisoma kwa sauti "akamla", darasa la wakubwa litanyamaza kwanza, kisha litacheka. Kitabu kisicho na mashairi hayo kimepoteza nusu ya thamani yake. Kikiwa na mwindaji chini ya jina la Perrault, kimechanganya vyungu viwili: mwindaji ni wa Grimm.

Kipimo cha pili ni La Belle au bois dormant, binti aliyelala msituni. Kwa Perrault mwana wa mfalme hambusu mtu. Anapiga magoti, muda wa uchawi umetimia, binti anaamka. Usiku ule ule wanafungishwa ndoa katika kanisa dogo la ngome, mtumishi wa heshima anawavutia pazia, halafu sentensi fupi inasema walilala kidogo, kwa kuwa binti hakuwa na haja kubwa ya usingizi. Mtu aliyelala miaka 100! Huo ni mzaha wa watu wazima, umetupwa kwa upole, na waandishi wa albamu huufuta karibu daima. Kisha hadithi inaendelea: mume anamficha mke kwa wazazi wake, wanazaa watoto wawili, L'Aurore na Le Jour, na mama mkwe, ambaye ni zimwi, anataka kuwala kwa mchuzi. Kitabu chako kikiishia harusini, umeuziwa nusu ya hadithi kwa bei ya hadithi nzima.

Nyuma ya Perrault yuko Mwitaliano, Giambattista Basile, ambaye mkusanyo wake ulichapwa Napoli kati ya 1634 na 1636, yeye akiwa amekwisha kufa. Kwake binti anaitwa Talia. Kijiti cha kitani kinamchoma chini ya ukucha, analala. Mfalme aliyekwenda kuwinda anamkuta, anamwita, haamki; anafanya naye anachotaka na kurudi kwake, akasahau. Miezi tisa baadaye wanazaliwa mapacha, na mmoja, akitafuta titi la mama, ananyonya kidole na kukitoa kile kijiti. Ndipo mama anaamka. Kwa lugha ya leo huko ni kubakwa, na msomaji asikubali neno laini zaidi. Basile hutamkuta kwenye trotuari. Namtaja kwa sababu ukijua umbo hili la kale, utaona kazi ya kila mhariri aliyefuata: Perrault aliiweka ndoa kabla ya kitanda, Grimm wakaweka busu mahali pa vyote viwili.

Kwa Grimm mambo ni magumu zaidi, kwa sababu kitabu chao hakikutoka mara moja. Sehemu ya kwanza ni ya 1812, ya pili 1815. Wakiwa hai yalitoka matoleo saba makubwa, la mwisho mwaka 1857, na Wilhelm, mdogo wa ndugu hao wawili, ndiye aliyekuwa akishika kalamu ya kurekebisha. Tafsiri nyingi za Kifaransa hufuata toleo la mwisho, yaani maandishi yaliyopita katika mkasi mara nyingi kuliko yote. Kipimo chake ni Raiponce, msichana wa mnarani mwenye nywele ndefu. Mwaka 1812 mwana wa mfalme anapanda kila siku, wanafurahi pamoja, na siku moja msichana anamwuliza mlezi wake kwa ujinga mtupu: mbona nguo zangu zinanibana, hazinitoshi tena? Mlezi anaelewa mara moja, kama mama yeyote wa mtaa wetu wa Katuba angeelewa. Wasomaji wa wakati ule walilalamika, wakisema hadithi gani hii ya kusomea mabinti. Katika matoleo yaliyofuata swali likabadilika: mbona wewe mlezi ni mzito kumvuta kuliko mwana wa mfalme? Msichana aliyekuwa hajui kitu akawa mpumbavu wa kujisema mwenyewe.

Lakini uzi ulibaki. Mwishoni, hata katika toleo la 1857, mwana wa mfalme kipofu anamkuta Raiponce jangwani akiishi na mapacha aliowazaa, mvulana na msichana. Mimba imefutwa, watoto wapo. Hii ni sehemu bora kabisa ya kuwaonyesha wanafunzi jinsi uhariri unavyofanya kazi. Ina nguvu kuliko saa nzima ya nadharia.

Chura naye anastahili dakika moja. Ukikuta binti wa mfalme akimbusu chura, kitabu hicho hakikutoka kwa Grimm. Kwao chura anadai kula katika sahani yake, kisha kulala katika kitanda chake. Baba analazimisha ahadi itimizwe. Binti anamshika kwa vidole viwili na kumrusha ukutani kwa nguvu zote. Mwaka 1812 chura anaangukia kitandani akiwa kijana mzuri, nao wanalala pamoja kwa furaha. Baadaye iliongezwa kwamba kwanza akawa mume wake kwa idhini ya baba. Maneno machache, ndoa imepenyezwa. Mimi naipenda hadithi ya ukuta. Binti anakataa kulazimishwa kitandani, na ni kukataa kwake kunakovunja uchawi, wala si uvumilivu. Busu linafundisha kinyume chake.

Wilhelm alikata mimba, lakini visu aliviacha, tena aliviongeza. Dada wa Cendrillon, msichana wa majivu, wanajikata kidole na kisigino ili kiatu kiwaingie. Njiwa wanaowadonoa macho waliongezwa katika toleo la pili la 1819. Mama wa Blanche-Neige, binti mweupe kama theluji, aliyekuwa mama mzazi mwaka 1812, aligeuzwa mama wa kambo katika toleo hilo hilo, maana haikufaa mama mzazi amwonee mwanawe wivu wa uzuri. Ukimnunulia mtoto "Grimm kamili" ukidhani kimetakaswa, jua kimetakaswa upande mmoja tu.

Kuna jambo moja ambalo mikasi haikuligusa sana, nalo ni zito kuliko yote: baba anayetaka kumwoa binti yake. Liko katika Peau d'Âne (Ngozi ya Punda) ya Perrault, hadithi ya mashairi ya 1694, na katika ile ya Grimm ya msichana mwenye koti la ngozi za kila aina. Hapo hakuna cha kuitwa tamaa iliyofichwa. Ni hatari ya nyumbani iliyosemwa waziwazi, na binti hana njia ila kutoroka akiwa amejificha ndani ya ngozi ya mnyama. Peau d'Âne haimo kati ya zile nane za 1697. Itazame katika orodha ya yaliyomo. Kitabu chenye ngano 8 za nathari pamoja na 3 za mashairi ndicho Perrault mzima. Mwalimu aisome yote peke yake kabla ya kuipeleka darasani, kwani katika darasa lolote huenda yupo anayeijua kwa njia nyingine.

La Belle et la Bête, hadithi ya msichana mzuri na Mnyama, ina wanawake wawili nyuma yake. Madame de Villeneuve aliandika hadithi ndefu mwaka 1740, na ndani yake Mnyama anamwuliza msichana kila jioni kama anataka walale pamoja. Madame Leprince de Beaumont akaifupisha mwaka 1756 kwa ajili ya mabinti wa masomo, swali likawa: unataka kuwa mke wangu? Karibu kila kitabu utakachokiona ni cha Beaumont. Si kibaya. Ni kifupi, Kifaransa chake ni safi, kinasomeka katika kipindi kimoja. Ila usijenge juu yake hoja kubwa kuhusu msichana anayeogopa mwili wa mume, kisha ukasema umetumia maneno ya kale.

Hilo linatupeleka kwenye kitabu ambacho wanafunzi wa saikolojia huulizia zaidi, mara nyingi kama fotokopi: Psychanalyse des contes de fées cha mwanasaikolojia Bruno Bettelheim, kilichotoka mwaka 1976. Ni kitabu chenye kusomeka. Sura juu ya usingizi wa binti ni nzuri: damu ya kidole ni kuvunja ungo, usingizi mrefu ni miaka ile ya ujana ambapo mtu anajifungia, na vijana wanaokufa katika miiba ni waliokuja kabla ya wakati. Nani atabisha? Lakini kasoro yake ni kubwa, na ni ya msingi. Anachukulia maandishi ya Grimm kama jiwe la mtoni, lililosuguliwa na vizazi vingi vya watu wa kijijini hadi likawa laini, kisha anatafuta maana katika kila mchoro wa jiwe. Michoro mingi ilichorwa na Wilhelm mezani kwake. Kwa Perrault analalamika kwamba anasema mambo wazi mno. Naona hapo amegeuza chanzo na nakala. Zaidi ya hayo, mwaka 1991 mtaalamu wa ngano Alan Dundes alionyesha katika jarida kwamba Bettelheim alichota kwa mwandishi aliyemtangulia, Julius Heuscher, bila kumpa haki yake. Kitumie, ila usikiweke peke yake katika kazi ya mwisho wa mwaka.

Mwanasaikolojia mwingine, Erich Fromm, aliteleza mahali hapo hapo mwaka 1951. Alisema kofia nyekundu ni damu ya mwezi, na chupa isiyopaswa kuvunjika ni ubikira. Mwanahistoria Robert Darnton alijibu baadaye kwamba katika hadithi zilizosimuliwa na wakulima wa Ufaransa hakuna kofia nyekundu wala chupa ya namna hiyo. Mtu amefasiri ndoto ambayo mlalaji hakuiota.

Hadithi ya wakulima ni ipi basi? Iliyo maarufu iliandikwa na Achille Millien katika Nivernais, eneo la Ufaransa, karibu na mwaka 1885, kisha mtaalamu wa ngano Paul Delarue akaifanya ijulikane. Kwenye njia panda mnyama anamwuliza msichana atapita njia ya pini au njia ya sindano. Bibi anauawa, nyama yake inawekwa kabatini na damu kwenye chupa, na mjukuu anavila bila kujua. Anaamriwa atupe nguo motoni moja moja, kwa sababu hatazihitaji tena. Mara anasema anataka kwenda haja. Mnyama anamfunga uzi mguuni. Msichana anafika nje, anaufunga kwenye mti wa plamu na kukimbia nyumbani. Hakuokolewa na mwanamume yeyote. Yvonne Verdier, mtafiti wa mila za vijijini, alieleza kwamba pini zilikuwa alama za ujana wa msichana, za kujipamba na za zawadi kutoka kwa wavulana, na kwamba mabinti walipelekwa kipindi cha baridi kwa mshonaji ili wajifunze kuwa wanawake. Kumla bibi maana yake kizazi kipya kinachukua nafasi ya cha zamani. Hapo ndipo maana ya ndani inapopatikana kweli, kwa kujua kazi za watu na vifaa vyao. Wasomaji wa Katanga wenye asili ya Kibemba wana mfano karibu: katika chisungu, mafunzo ya msichana aliyevunja ungo, mbusa, yaani vifaa vya mafunzo, za udongo hushikwa mkononi na kuimbiwa. Bila kuimbiwa wimbo wake, chungu kidogo kinabaki chungu.

Na anayedhani mambo haya ni ya Wazungu peke yao akumbuke asili ya ufalme wa Waluba. Mwindaji mgeni, Mbidi Kiluwe, anakataa kula mbele za watu. Nkongolo, mwenyeji wake, anakula hadharani na haoni aibu, na anasemwa kwamba hata dada zake aliwachukua. Dada hao, Bulanda na Mabela, ndio anaopewa mgeni, na Bulanda anamzaa Kalala Ilunga. Kula na kulala vimefungwa katika kamba moja, na juu yake utawala mzima unasimama. Mwanaanthropolojia Luc de Heusch alilichambua hilo mwaka 1972 katika Le roi ivre. Ukikikuta hicho kwenye trotuari kwa bei yoyote inayolipika, acha Bettelheim chini.

Kuhusu hali ya kitabu chenyewe. Vya mfukoni huwa vya gundi; jua la miezi ya kiangazi hukausha mgongo, na ukikifungua sana kurasa zinachomoka kama majani. Kifungue katikati taratibu, usikilize. Kikilia, kitavunjika nyumbani. Vya kushonwa vina mafungu ya kurasa 16 au 32, kwa hiyo kinachopotea hupotea kwa fungu zima: fuata namba za kurasa hadi mwisho, hasa sehemu ya nyuma ambapo Peau d'Âne hukaa mara nyingi. Cha msimu wa mvua kinuse. Harufu ya ukungu haitoki. Kwa fotokopi, kagua kama maelezo ya chini ya ukurasa hayakukatwa na mashine, na kama kurasa za kushoto zinasomeka hadi kwenye mkunjo. Bei ya kwanza si bei.

Kabla ya kulipa chochote, fahamu kwamba Perrault ni mali ya wote. Gallica, hazina ya mtandaoni ya Maktaba ya Taifa ya Ufaransa, ina matoleo ya kale kwa picha, lakini picha hizo zitamaliza mega zako. Wikisource ya Kifaransa inatoa maandishi matupu, mepesi, na unaweza kuyashusha kama faili ya kusomea kwenye simu bila intaneti. Faida ya simu ni kutafuta neno. Andika "ruelles" kwa mbwa mwitu, "dormirent peu" kwa binti aliyelala, "muraille" au "mur" (ukuta) kwa chura, kwa kuwa wafasiri hutofautiana. Katika Raiponce tafuta "jumeaux" (mapacha). Usipopata kitu, ujue baada ya Wilhelm kuna mwingine aliyekuja na mkasi wake.